Mlango wa Kushoto

Tabora haina ziwa.
Boti zetu tunazijaribu kwenye beseni la kufulia,
zikizunguka povuni kama mbwa anayefukuza mkia wake.
Ikifuzu beseni, Jumapili tunaipeleka bwawani Igombe.
Moja ilidakwa na mamba, akaitafuna, akaitema.
Tuliiuza ghali kuliko nzima:
mnunuzi alitaka yale meno.

Karakana ipo Isevya, nyuma ya mashine ya kukoboa.
Mihayo alikuwa mchonga vyuma wa reli
mpaka reli ilipomshukuru kwa barua ya mistari mitatu.
Alitoka na kalipa mfukoni
na vidole tisa.
Mimi nasuka waya za mota, mizunguko themanini kila moja.
Ukinisemesha nikiwa kwenye hamsini
naanza upya, na maandazi ni juu yako.

Vitu vya kuchezea, watu husema.
Usiseme hivyo mbele ya Mihayo.
Atakushikisha difu aliyoichonga jino kwa jino akiwa amebana pumzi,
springi za kalamu, bodi la kopo la mafuta ya kula,
kisha atakuuliza:
hapa kinachocheza ni kipi?

Msimu wa tumbaku aliingia Nkwabi,
mtu mpana, kofia mkononi,
na picha iliyokunjwa mara nne.
Fuso. Taa moja ya asili, moja ya kuazima.
Ubaoni nyuma: MDOMO HAUPANDISHI MLIMA.
Picha ilipigwa Sikonge, alisema, siku mbili kabla.
Kabla ya nini, hakusema.
Alitaka kila kibonyeo kiwepo,
rangi iliyochubuka ichubuke,
na mlango wa kushoto ufunguke.

Milango hatufungui, Mihayo akamwambia,
gari la rimoti halina utingo.

Ufunguke, akasema. Wenyewe ulikuwa haufunguki.

Nilikuwa kwenye sitini na moja.
Nilianza upya bila kusemeshwa.

Bawaba nilizitoa kwenye miwani ya bibi yangu,
ambaye siku hizi haoni, avae asivae.
Mihayo alizipunguza kwa tupa siku nne,
akamtukana fundi wa miwani,
akamtukana aliyebuni macho.

Siku ya kuchukua tulitoka uani, penye pumba.
Nkwabi aliishika rimoti kama mtu aliyepakatishwa mtoto wa mgeni.
Fuso likaondoka taratibu,
likapita magunia, likapita kuku,
likikata kona kwa adabu ya gari lenye mzigo.
Naye alikuwa akiegemea kulia lilipoegemea.

Wimbi ni neno moja, la majini na la hewani,
na yote mawili hayana mwenyewe.
Nje ya ukuta kijana fulani aliwasha kigari chake chekundu,
kazi yetu pia, ya mwaka jana, wimbi lile lile.
Fuso likashtuka.
Likasikiliza mkono mwingine.
Zima! Mihayo alipiga kelele, zima!
Lakini lilikuwa limeshaushika mteremko wa mtaro,
magurudumu yakiimba juu ya pumba,
na likalala ubavu kwenye maji ya kuoshea masufuria.

Nkwabi hakuzima.
Aliitupa rimoti, akakimbia,
na mtu mpana akikimbia unasikia nguo zake.
Akapiga magoti kwenye tope.
Hakulinyanyua.
Kwanza, kwa ukucha wa kidole cha mwisho,
akafungua mlango wa kushoto.

Haya, Luhende, akasema. Shuka.

Mashine ya kukoboa iliendelea. Hakuna aliyemwambia izime.

Alilipa yote, akakataa chenji,
akaondoka na Fuso kwapani likichuruzika,
mlango ukiwa wazi, ukipigapiga kila hatua.
Rimoti hakuichukua.
Ipo rafuni, antena imepinda,
Mihayo hataki iwekwe betri.

Yule kijana wa kigari chekundu tumembadilishia wimbi, bure.
Aliuliza kwa nini.
Nilikuwa nasuka, nikamwonyesha kidole: subiri,
sabini na tisa,
themanini.
Halafu sikumjibu.