Walikuwa Watano

Bodaboda alinishusha kwenye lami.
"Huko ndani Maweni siingii, mama. Hata kwa mia mbili."
Taa ya mtaa ilikufa tangu Ramadhani;
mlingoti umebaki umesimama
kama mtu aliyesahau alichotumwa.

Simu ndani ya sidiria. Mshahara ndani ya kiatu.
Mkononi, karatasi ya pilipili ya kusaga
niliyoichota jikoni hotelini
bila kumwambia mpishi.

Nikapita duka la Shee Mbwana, lafungwa saa moja kamili.
Siku hizi sukari huipitisha kwenye nondo
na chenji huisukuma kwa rula.

Halafu nikasikia champali.
Pa, pa. Nikisimama, zinasimama.
Nikaongeza mwendo, zikaongeza.
Nikatoka mbio, leso ikaniponyoka, sikuiokota,
mtu hafi kwa leso,
na nyuma yangu zikatoka mbio pia.

Kwenye ukuta wa msikiti mdogo pumzi ikaniisha.
Nikageuka, karatasi wazi, mkono juu.
"Mama Dzame! Ni mimi! Ngumbao!"

Ngumbao wa Mbeyu, wa pale kwenye tanuri la mikate,
unga bado nyusini,
na jiwe mkononi kubwa kuliko ngumi yake.
"Nilikufuata nisiwe peke yangu.
Ulipokimbia nikajua umewaona."
"Nimewaona nani?"
"Wao."

Tukacheka, lakini kwa sauti ya chini.
Nikajifuta machozi kwa kiganja cha pilipili
nikalia kweli.
Akanifikisha mlangoni. Jiwe hakulitupa.

Asubuhi, bombani: jana mama mmoja kafukuzwa na kijana.
Adhuhuri, kwenye kinu cha posho: vijana wawili, na kisu,
na leso imeokotwa, ina matope, watu wanasema ni damu.
Kufikia magharibi walikuwa watano, wana mapanga,
mmoja mrefu, amevaa champali za bluu.
Vijana wa ulinzi walishakata fimbo
wakawa wanatazama miguu ya wapitao.

Nilikuwa kwenye foleni ya maji. Nilifungua mdomo.
Nyuma yangu mtu akasema,
"Sogea, mama, mtungi wako umejaa."
Nikasogea.

Usiku nilibisha kwa Mbeyu
na viatu vya marehemu mume wangu,
vyeusi, vya kamba, vimekaa chini ya kitanda miaka minne.
Nikamwambia Ngumbao avijaribu.
Vilimbana.
Hakuuliza kitu.
Akazivua za bluu, akazisukuma uvunguni kwa mguu.