Upande wa Pili wa Mashine

Kushiro, Januari, ukungu umeganda kwenye nyaya za umeme.
Mama anajua niko tuisheni ya hesabu.
Niko ghorofa ya pili, juu ya dobi,
ukumbi wa Tancho, yeni mia imepata joto kiganjani.

Mchezo wenyewe ni huu:
gololi hushuka mbilimbili,
nyekundu, kijani, buluu, manjano.
Nne za rangi moja zikigusana hupasuka,
zilizokuwa juu zikaporomoka, zikakuta ndugu zao,
nazo zikapasuka,
na kila mpasuko ni mzigo wa mawe ya kijivu
kichwani kwa mwenzako.
Hapa hujengi ili ukae.
Hujenga ukingoja gololi moja ya kubomolea.

Mashine mbili zimepeana migongo.
Aliye upande wa pili humwoni.
Unasikia wenzo wake tu, kata, kata-kata,
na moshi wa sigara unapanda nyuma ya kioo
kama wa jiko la jirani.

Jumanne alikuwepo. Ijumaa alikuwepo.
Alinifunga mara thelathini na saba;
nilihesabu kwa vijiti nyuma ya daftari la aljebra.
Hakuwa na haraka. Alipanga ngazi kushoto,
akaacha tundu moja pembeni,
akangoja manjano kama mtu angojaye basi
ambalo ratiba yake anaijua.
Mimi nilimrushia vidogovidogo, mbili, tatu, papara tupu,
naye akayapokea mawe yangu bila kunung'unika
mpaka yakamfika shingoni.
Halafu manjano ikaja.
Halafu skrini yangu yote ilikuwa kijivu.

Mashine humwomba mshindi jina, herufi tatu.
Yeye alibonyeza kitufe mara tatu bila kuchagua:
AAA.
Orodha nzima, toka juu mpaka chini, AAA, AAA, AAA,
kama mtu aliyeambiwa na daktari afungue kinywa.

Nilitaka kuzunguka nimtazame.
Rikako, binti wa kuvunja noti, alinishika mkono wa koti.
"Ukimwona utamhurumia," alisema,
"au yeye akuhurumie. Cheza na mikono yake, basi."

Mwezi wa tatu mchezo ukatoka wa nyumbani.
Niliununua kwa pesa za bahasha za Mwaka Mpya.
Rangi zilikuwa zimepauka, muziki umekonda
kana kwamba umepitishwa kwenye mrija.
Na huku hakuna migongo:
skrini ni moja, imegawanywa katikati,
wachezaji hukaa bega kwa bega.

Baba alirudi saa moja usiku, suti, mkoba,
kama kila siku kutoka kiwanda cha karatasi.
"Nifundishe," alisema,
akaketi kwenye tatami, tai bado shingoni.
Padi aliishika vibaya,
kwa vidole vilivyozoea kitu kingine.
Mashine ikauliza jina.
Alibonyeza mara tatu.

Sikumtazama. Nilitazama kushoto kwake:
ngazi inapanda. Tundu moja pembeni.
Jumanne, Ijumaa, saa kumi jioni.
Kiwanda kiko ng'ambo ya mto,
na zamu huisha saa kumi na mbili.
Mama alikuwa jikoni, kisu juu ya figili,
kata, kata-kata.

Naye, nadhani, alikwisha kuviona vidogovidogo vyangu,
mbili, tatu, haraka ya mtoro wa hesabu.
Kidole chake kilisimama.
Manjano ilikuwa imeshafika, juu ya tundu lake hasa,
ilibaki kuigeuza tu.
Hakuigeuza.
Ikashuka kwa uzito wake, ikaangukia safu isiyo yake.

"Mkono umeteleza," alisema.

Ningeweza kumfunga, mara ya kwanza.
Gololi yangu niliiweka mbali, nikajidai nafikiri.
Mama akaita chakula.
Mezani Baba aliniuliza hesabu inaendaje.
Nikasema inaendelea vizuri.
Nikamuuliza kazi.
Akasema nimpitishie mchuzi wa soya.