Kunja Kwanza

Feza kaja na daftari kibandani,
soko la Mwanga, saa kumi na moja jioni,
cherehani yangu imegoma, uzi unakatika kila hatua.
"Mama, Mwalimu Ruhuza anataka tuakisi nukta.
Hii hapa: tatu, mbili.
Iende ng'ambo ya mhimili wa y."

Mimi niliishia la saba,
na hizo jira zilinikimbia mapema.
Lakini kukunja najua.

Nikashusha kitenge cha kasuku,
kile alichokivusha baba yake kutoka Baraka
enzi zile bado anavuka na kurudi.
Nikakikunja katikati, nikapiga pasi kwa ukucha,
nikachoma pini upande wa kulia.
"Haya, kunjua."

Matundu mawili.
Yote vidole vitatu kutoka kwenye mkunjo,
yote kimo kimoja kutoka pindo la chini.

"Kumbe mbili haibadiliki."
"Ibadilike kwa lipi? Kimo ni kilekile."
"Na tatu inakuwa hasi tatu."
Nikamuuliza hasi ndiyo nini.
"Ng'ambo," akasema, akaandika,
kisha akafuta, akaweka kistari
kama alivyofundishwa.

Sikutaka afute.

Maana mkunjo wetu sisi unaonekana
ukipanda kidogo nyuma ya msikiti:
wa bluu, umelala kaskazini hadi kusini,
na milima ya Kongo hutokeza siku isiyo na moshi.
Huku tupo sisi, chanya,
na michango ya mtihani, na kodi ya kibanda.
Kule yuko yeye.
Majirani wanasema baba Feza kageuka.
Mimi nasema kabadili alama,
namba ni ileile.
Nasema hivyo mchana.

"Na nukta iliyo juu ya mkunjo wenyewe? Sifuri, nne?"
Nikachoma.
Tundu moja tu.
"Haiendi popote," akacheka.
Mwaka mzima nilikuwa hapo, mwanangu,
simu mkononi, si huku, si kule.
Sikumwambia.

Swali la mwisho lilikuwa mhimili wa x.
Tukakunja kwa mlalo,
kasuku wakaning'inia kichwa chini, miguu juu,
tukacheka mpaka muuza mawese akaja kuchungulia.

Usiku nikakikata kile kitenge.
Gauni la Feza.
Matundu matatu yameangukia kifuani, nimeyaacha.
Akiulizwa,
aseme ni hesabu.