Arobaini na Moja

Mahali petu hapakupewa jina.
Waliopima reli kutoka Kaliua kwenda Mpanda
walisimika nguzo ya saruji, wakaandika namba,
wakasonga mbele na minyororo yao.
Basi tukawa Arobaini na Moja.
"Kwenu wapi?" "Arobaini na Moja."
Wanafunzi wenzangu wa Tabora mjini
walidhani nataja umri wa mama.

Babu alifika hapo na sururu, baada ya vita ya pili,
reli ilipokuwa inaifuata risasi:
si ile ya bunduki, ile ya kijivu, nzito,
iliyolala chini ya ardhi ya Mpanda.
Mgodi ukazeeka upesi kuliko mataruma.
Risasi ikakoma. Reli ikabaki
kama mkwe aliyefiwa na binti yenu
na bado huja kula kila Ijumaa.

Ikajitafutia kazi.
Tumbaku. Mbao za mninga.
Madebe ya asali yaliyozibwa kwa nta,
walimu wapya na magodoro yao,
mbuzi, maiti mara mojamoja,
na michembe ya mama kwenye ungo,
dirisha hadi dirisha,
chenji kabla ya filimbi.

Baba, Lugusha wa gengi la nne,
alitembea kilometa nane kila alfajiri,
spana ndefu begani, nyundo mkononi,
akigonga chuma, akiinamisha sikio.
Chuma kizima hujibu, alisema.
Chenye ufa hukaa kimya kidogo kwanza,
kama mtoto aliyevunja chungu.

Februari moja mvua ilikula tuta
upande wa mbele ya kibanda chetu.
Reli ikabaki inaning'inia hewani, mataruma na yote,
mfano wa ngazi iliyolazwa.
Baba akaisimamisha treni, mabehewa kumi na moja,
na watu wake wote wakashuka.
Siku tatu tukawa mji!
Kinyozi alinyoa chini ya behewa la tatu.
Mama aliuza michembe ya mwaka mzima,
kisha akaacha kuuza, akagawa.
Bwana mmoja wa Inyonga na mhunzi wa Urambo
walidaiana mpaka wakawa mashemeji.
Kokoto zilipofika, treni ikaondoka taratibu,
na sisi tukabaki tumesimama njiani
tunaangalia majivu ya majiko ya wageni.
Mdogo wangu Nyamizi alilia mpaka jioni.
Hakumlilia mtu. Aliulilia mji.

Treni nne kwa wiki. Tatu. Mbili.
Kisha barua, yenye muhuri, ya kulivunja gengi.
Mabasi yalishajua njia nyingine.
Baba aliisoma, akaikunja, akaifungia tumbaku ya kuvuta,
na alfajiri ikamkuta njiani kama kawaida.
"Nani anakulipa?" mama aliuliza.
"Kwani nani anaulipa mguu kwa kuwa mguu?"
Miaka sita. Bila mshahara, bila buti.

Tulimzika ng'ambo ya reli, karibu,
asikie.
Tukahesabu siku, tukapika, tukasoma dua ya arobaini.
Wageni wakaondoka na sahani zao.

Kesho yake niliamka kabla ya jogoo.
Siku ya arobaini na moja, pale Arobaini na Moja.
Hakuna aliyewahi kutuambia siku hiyo ina kazi gani.
Nikachukua nyundo nyuma ya mlango,
mpini wake mwembamba katikati kwa kiganja chake,
nikatembea, nikagonga, nikainama.
Kikajibu. Nikagonga. Kikajibu.
Karibu na lile tuta la zamani, nikagonga,
na chuma kikakaa kimya kidogo kwanza.

Nilipiga magoti. Nikapapasa kwa ukucha
mpaka ukucha ukanasa.
Nikachora msalaba wa chaki, kama yeye,
kwa fundi ambaye hayupo.
Treni ilikuwa ije Jumamosi. Ilikuwa Alhamisi.
Simu hapo kwetu haipati mtandao
mpaka kilima cha Thelathini na Tatu.
Nikavua kandambili, nikazishika mkononi,
nikaanza kuhesabu mataruma.