Fomu ya Uwezo wa Mzazi

Mwalimu wa shule alituambia bila kupepesa:
wakibisha hodi mia, wanafunguliwa wanne.
Delphine akaniangalia kama mtu anayeuliza bei ya kitu
ambacho ameshakitia kikapuni.

Hapa Lewiston theluji imefika usawa wa madirisha.
Tangi la mafuta ya kupashia nyumba lina robo,
nami nimekaa mezani na koti nililotoka nalo kiwandani,
bado linanuka gundi ya viatu.
Fomu iko mbele yangu. Kurasa kumi na saba.

Chuo chasema hakitazami mfuko wa mtu anapoomba nafasi.
Sawa. Basi msaada wake nao uulize kwa upole.
Hapana: unataka thamani ya nyumba, mwaka ilipojengwa,
akiba ya uzeeni, akiba ya dharura,
tuna magari mangapi,
na kama tuna boti.

Boti.

Mficha uchi hazai. Basi nikajivua.
Nikaandika mshahara, nikaandika saa za ziada,
deni la jino lililong'olewa mwaka juzi,
nikaandika hata lile pikapu la Denis lisilo injini,
lililolala uani miaka sita
kama ng'ombe aliyekufa akakosa wa kumburura.
Thamani: dola mia sita. Nilikuwa mkarimu.

Hapakuwa na kisanduku cha kuandika
kwamba mtoto huyu alijifundisha hesabu za juu
kwenye chumba cha kufulia nguo kule mtaa wa chini,
kwa kuwa kuna joto na taa hailipiwi,
na kwamba mpaka leo akikokotoa
miguu yake hufuata mzunguko wa mashine.

Ukurasa wa kumi na mbili: Baba.
Ikiwa haishi nanyi, naye ajaze. Asipojaza,
ombi halitasomwa.

Miaka sita sijalitaja jina lake ila kwa kulitema.
Nilijua aliko: Nevada, kwenye jua na pesa.
Nilimjengea nyumba kichwani mwangu,
nikaichimbia bwawa la kuogelea,
nikapanda na minazi,
ili chuki yangu ipate kivuli cha kukaa.

Nikapiga simu.
"Kiasi gani?" akasema, kabla ya salamu.
"Sahihi," nikasema. "Sahihi na mapato yako."
Akanyamaza. Nyuma yake nikasikia mafuta yakichacharika
na mtu akiita namba za oda,
arobaini na mbili, arobaini na mbili.

Karatasi zilifika Alhamisi, zina doa pembeni.
Mapato ya mwaka: elfu kumi na moja na mia nne.
Anwani: moteli, chumba namba tisa.
Nikavaa miwani nikasoma tena.
Mtu niliyemchukia kwa utajiri wake
amenishinda kwa umaskini.
Jiko la kupashia likazimika chini ya sakafu.
Sikuinuka.

Machi ilipokuwa inakatika
Delphine aliisoma barua ya chuo kwenye simu,
amesimama nyuma ya kaunta, aproni kiunoni,
mteja anasubiri chenji.
Akanitumia neno moja:
*Wanne.*

Msaada umefunika ada, kitanda, chakula, vitabu,
hata nauli ya kurudi Krismasi.
Chini kabisa, kwa herufi za kufinya macho,
mchango wa mzazi:
dola mia sita.

Walikuwa wameliona pikapu.

Mnunuzi wa vyuma alikuja theluji ilipoyeyuka,
akalizunguka mara mbili, akapiga tairi teke,
akasema mia tatu na hamsini. Nikasema chukua.
Lilipoondoka, nyasi za chini yake zilikuwa za njano,
zimelaliana, umbo la gari zima.
Delphine akasimama katikati ya umbo lile, mikono kiunoni.
"Na mia mbili na hamsini, Mama, tutazitoa wapi?"

Nikamwambia, tutauza boti.