Hesabu za Povu

Ripoti imefika kwa posta, kurasa arobaini na mbili,
karatasi nzito, inang'aa kama kadi ya harusi.
Nimeisoma mezani, miwani ya mama puani,
huku wewe, Ermengol, uko chini kwenye handaki
unageuza chupa: robo mzunguko kulia,
kidogo tu kushoto, inua kitako, shika nyingine.
Elfu nane kabla ya chakula cha mchana.
Mkono wako haujui kwamba dunia imeacha kunywa.

Wanasema dunia imeacha kunywa.
Hapana, si hivyo. Wanasema "imepunguza."
Vijana wa Berlini wanaagiza povu lisilolevya,
wanalipiga picha, wanakwenda kulala mapema.
Kuna mchoro: mstari mwekundu unashuka
kama mzee anayeteremka ngazi ameshika ukuta,
na mwingine wa kijani, mwembamba,
unapanda bila kuhema.

Ukurasa wa kumi na tisa, Waitaliano.
Tuseme nini tena juu ya Waitaliano?
Povu lao huiva tangini, wiki chache, limekwisha;
letu hulala gizani miezi thelathini
kama mtoto mkaidi aliyekataa kuzaliwa,
kisha dukani Manchester, kwenye rafu moja,
tunasimama bega kwa bega
wao wakituzidi kwa senti na kwa tabasamu.
Baba alizoea kusema, chema chajiuza.
Baba hakuwahi kumwona mnunuzi wa supamaketi
akibonyeza kikokotoo kwa ncha ya kalamu.

Kuhusu Marekani na ushuru wake
wameandika "huenda," "iwapo," "itategemea."
Nimeyahesabu, kumi na saba.
Juu ya maneno hayo kumi na saba
yamekaa makreti yetu mia mbili na kumi, bandarini Barcelona,
yakingoja mtu tusiyemjua atie saini au asitie.

Mvua haimo.
Nimepekua faharasa mara mbili.
Kuna mvutano wa bei, kuna mvuto wa chapa;
juu yao, pale ambapo mvua ingekaa, ni patupu.
Miaka mitatu ile mizabibu ya shamba la juu
aliyoipanda bibi mwaka alioolewa
ilizaa vishada vya ukubwa wa ngumi ya mtoto.
Ulionja tunda moja, ukatema mbegu,
ukasema, "Sukari imezidi, uchachu umekimbia,"
ukaenda kukaa kwenye trekta bila kuliwasha.

Sijakwambia. Jana Bwana Kitabayashi alipiga simu kutoka Osaka.
Anataka chupa mia sita, zilizolala muda mrefu,
zisizotiwa sukari hata chembe.
Akauliza, nani huzigeuza?
Nikasema, mashine.
Sijui kwa nini nilisema hivyo.
Labda niliona haya; majirani wote wana mashine,
zinageuza usiku na mchana na haziumwi kiuno.
Akanyamaza kidogo. Kisha, kwa adabu sana,
akasema atafikiri.

Mgema akisifiwa tembo hulitia maji.
Na asiposifiwa? Akikosa hata wa kumuuliza jina?
Methali iliishia hapo, ikarudi kwao.

Sasa hivi chupa moja imepasuka huko chini.
Nimesikia mlio mfupi, kimya,
halafu wewe ukicheka peke yako gizani
kama mtu aliyetaniwa na rafiki wa zamani.
Ukurasa wa thelathini na tatu una jina la jambo hilo:
"upotevu unaokubalika."
Pembeni, kwa penseli, nimeandika Ermengol,
nikafuta, nikaandika saa ya Osaka.
Kwao sasa ni saa mbili za usiku, si vizuri kumsumbua.
Nitampigia kesho.
Nitaanza na kiuno chako.