Herufi Moja

Karani wa masijala ananigeuzia daftari
nisome mwenyewe, maana nimemwambia simwamini.
Kiwanja namba 212, Kitalu C, Toangoma.
Mmiliki: Kodo Mwinshehe.
Kodo.
Kama macho ya mtu
aliyeamshwa na tingatinga.

Nasema, mwanangu, hapa pana N imedondoka.
Anasema, mama, sabini na nane mimi sijazaliwa,
mimi nalinda kilichoandikwa.
Analifunga taratibu, kwa adabu,
kama anayemfunika maiti uso.

Baba alikuwa Kondo.
Babu yuko Bama, anapigana vita visivyomhusu,
bibi akajifungua peke yake, na jina hakulitafuta mbali:
kondo ni vita.
Na kondo langu mimi, lile nililotoka nalo,
limefukiwa kona ya kusini, penye minyaa
aliyoipanda baba kwa mkono wake.
Sasa pamesimama jiwe la saruji lenye namba.
Minyaa haina namba.
Ukiikata inatoa maziwa, basi.

Mfaume, ndugu yangu kwa baba,
ana barua ya usimamizi wa mirathi
ya marehemu Kodo.
Ina muhuri, ina sahihi, ina mashahidi wawili
ambao matanga hawakuyakalia.
Ameshauza. Watajenga ghala.
Marehemu Kodo mimi simjui.
Mimi nilimkanda miguu Kondo,
nikamkoroga uji usiwe mzito, akautema,
akasema una chumvi, na chumvi sijatia.

Wakili wangu ana dawa yake: kiapo.
Niape kwamba Kodo na Kondo ni mtu mmoja.
Elfu ishirini, na muhuri juu.
Nikakaa ngazini pale nje, nikapiga hesabu
kwa vidole, kama navyohesabu maandazi.
Nikiapa ni mmoja, barua ya Mfaume imesimama.
Nikiapa ni wawili, ardhi haikuwa ya baba.
Nimekwenda sokoni miaka arobaini;
sijaona mizani inayopunja pande zote mbili.

Leo tumeitwa Barazani, Temeke.
Feni inazunguka, upepo hautoki.
Mzee wa baraza mmoja amesinzia,
mwenzake anamfinya chini ya meza.
Mfaume amekaa benchi la mbele, kanipa kisogo.
Kisogo kile nakifahamu, kina bonde katikati:
ni cha baba, tumegawana,
yeye kisogo, mimi paji.
Mirathi hiyo hakuna aliyeifungulia shauri.

Mwenyekiti anashusha miwani.
"Shahidi, baba yako mzazi aliitwa nani?"

Swali dogo. Mtoto wa chekechea analijibu.
Mfaume anafungua mdomo, anaufumba.
Wakili wake anakohoa, anaugonga ukurasa kwa kalamu,
pale palipoandikwa.
Nami najua kilichomkaba:
jina hilo ameliitikia usiku wa umeme kukatika,
amelisomea yasini,
amelitukana siku alipokatwa fungu la mafenesi.
Jina la mzazi huliiti kwa kulisoma.

"Kondo," anasema.
Chini chini. Kama mtoto aliyevunja mtungi.

Hakuna aliyepiga kofi. Feni inazunguka.
Wakili wake anamvuta koti,
anasema mteja wangu, mheshimiwa, ana mafua.
Mzee aliyesinzia ameamka, anauliza, kasemaje?
Na mimi simtazami Mfaume, wala Mwenyekiti.
Namtazama binti anayechapa mwenendo wa shauri,
kucha nyekundu, simu mapajani,
kibodi yake imefutika herufi nusu nzima.
Amechapa K. Amechapa O.
Kidole kimesimama hewani,
kinatafuta.

Shauri limeahirishwa hadi tarehe kumi na nne Machi.